Jairo Tuliyoiunda Garissa

Masanduku ya mjomba wangu yalifika Garissa Jumanne, juu ya lori la saruji, na mimi sikuwepo. Nilikuwa Balambala, ndani ya kibanda cha mabati kando ya kisima, nimelala chali chini ya jenereta huku oili ikinidondokea kwenye mtandio. Mama alinipigia simu akaniambia kwamba ndugu yake ameleta masanduku matatu marefu, kwamba yamejaza ua mzima, na kwamba amekataa katakata mtu yeyote ayafungue kabla sijarudi. Nikamwambia kuna ngamia wanasubiri maji tangu jana, nitarudi kesho. Mama akasema nisikawie, kwa sababu hana pa kuanika nguo.

Kazi yangu ni mashine za visima. Nilisomea ufundi wa injini Nairobi, darasani wasichana tukiwa wawili, na tangu nirudi nyumbani nimezunguka kaunti hii kisima kwa kisima. Mwanzoni, nilipokuwa nikishuka garini na kisanduku changu cha spana, wazee waliokaa kisimani walitazama nyuma yangu kumtafuta fundi. Nilizoea. Niliwasalimu, nikaingia kibandani, na maji yalipotoka waliniombea dua na kuniuliza mimi ni binti wa nani. Siku hizi wananipigia wenyewe, hata kutoka Tarbaj, ambako si kaunti yangu na sina kazi ya kwenda.

Mjomba ni mdogo wake Mama. Kwetu Wasomali mjomba ni abti, na yeye naye humwita mpwa wake abti, kwa hiyo sisi wawili tumeitana jina moja tangu nianze kusema. Aliondoka nikiwa darasa la pili. Akaishi ng'ambo karibu miaka thelathini akiendesha malori katika nchi ya theluji, na huko, nywele zikiwa zimeshaanza kuwa nyeupe, akakutana na watu wanaounda ndege ndogo ndani ya gereji zao na kuzirusha siku za mapumziko. Akajiunga nao. Akajifunza kurusha, akapata leseni, na alipostaafu akarudi nyumbani na goti bovu, leseni yake, na yale masanduku.

Jioni niliyorudi alituketisha sebuleni, mimi na Mama, akatueleza. Mashine hiyo inaitwa jairo. Ina viti viwili, kimoja mbele ya kingine, magurudumu matatu na mapangaboi mawili. Pangaboi la nyuma ni dogo, linazungushwa na injini, na kazi yake ni kusukuma. La juu ni refu kama chumba hiki na injini hulianzisha tu ardhini, angani hailizungushi. Mashine ikishakwenda mbele, upepo wenyewe ndio unaolizungusha, nalo ndilo linalobeba. Akasema uzuri wake ni kwamba injini ikizima huko juu, upepo unaendelea kulizungusha, na mashine inashuka taratibu mpaka chini.

Mama alisikiliza yote, mikono magotini. Kisha akauliza, "Na upepo ukizima?"

Mjomba alikishusha kiganja chake hewani, taratibu. Akamjibu kwamba kitu kinachoshuka hujipatia upepo wake kutoka chini. Mama akanitazama mimi, kama mtu anayemtaka shahidi wa pili. Nikasema nadhani ni kweli. Ilikuwa mara ya kwanza kuisikia mashine hiyo, lakini nilikuwa nimeshaanza kuizungusha kichwani na sikuona ilipokosea.

Nilichotaka kujua ni kwa nini mimi. Mjini kuna mafundi wengi wa magari, na baadhi yao ni jamaa zetu. Mjomba alinyanyuka, akaleta kitabu kinene cha maelezo, akakifungua katikati. Kila ukurasa ulikuwa na mchoro, na chini ya mchoro visanduku viwili vya saini, kimoja cha aliyefanya kazi, kimoja cha aliyeikagua. Alisema mashine ya namna hii haiji imeunganishwa. Inakuja vipande, na wenyewe ndio wanaoiunga, hatua kwa hatua. Alikuwa amewaonyesha kitabu hicho mafundi wawili wa mjini. Wote wawili walikigeuza kurasa tatu, wakakifunga, wakamwambia wao wanajua injini na hawahitaji kusoma.

"Nataka mtu anayesoma," akasema. "Dada yako mkubwa aliniambia wewe ukinunua hata pasi unasoma karatasi yake yote."

Hilo lilikuwa kweli.

Tulikodi nusu ya godauni kwa fundi wa kuchomelea, Mkamba kutoka Mwingi, mtu wa miraba minne asiyependa maneno, aliyekuwa akitengeneza milango na vitanda vya chuma upande wa pili. Mwanzoni alitukodisha nafasi tu. Baada ya wiki mbili alikuwa anasimama nyuma yetu akitazama, na baada ya mwezi mmoja alikuwa wa tatu wetu. Kwa ajili yake tulizungumza Kiswahili, na hapo ndipo nilipogundua kwamba Kiswahili cha mjomba kilikuwa kimepata kutu. Alisema bangaboi, akasema fyuma, akasema chukua hii na weka ile, vitu vyote vikiwa vya ngeli moja. Yule Mkamba hakumcheka hata siku moja. Ila nilimsikia akimwambia mteja wake, kwa uzito wote, kwamba ndani kule tunaunda ndege ya bangaboi.

Tulifanya kazi asubuhi tu. Tulianza mara baada ya sala ya alfajiri, na ilipofika saa nne mabomba ya alumini yalikuwa moto hata hayashikiki. Nikiwa sina kisima cha kwenda, nilikuwa hapo. Niliipenda kazi hiyo kuliko nilivyotegemea. Kisimani mimi hufika wakati kitu kimeshakufa, watu wana kiu, na ninakarabati kwa nilichonacho, mpira wa baiskeli, waya, chochote. Godauni hapakuwa na kitu kilichokufa. Kila bolti ilikuja ndani ya mfuko wake wenye namba. Kila nati ilikazwa kwa spana maalumu yenye saa ya kuonyesha nguvu ya mkono, na kitabu kilisema nguvu hiyo iwe kiasi gani, isizidi, isipungue. Ukishakaza, unachora mstari mwembamba wa rangi nyekundu juu ya bolti na nati pamoja, ili nati ikijisogeza hata kidogo mstari ukatike uonekane. Kisha unapitisha kotapini, kile kijipini kinachozuia nati isirudi nyuma. Kisha unatia saini.

Kuna siku kitabu kilitutaka tuining'inize mashine yote hewani, rubani akiwa kitini, tupime inaelekeza pua chini kwa kiasi gani. Mkamba alichomelea fremu ya chuma ambayo ingebeba trekta. Mjomba akapanda kitini, akafunga mkanda, na tukamvuta kwa mnyororo mpaka magurudumu yakaachana na sakafu. Pua ilikaa juu mno. Tulimshusha, tukasogeza betri mbele, tukampandisha tena. Ni katika mara ya tatu ndipo Mama alipoingia na chupa ya chai. Alimkuta ndugu yake ananing'inia kwenye mnyororo, anasoma gazeti kungoja mimi nimalize kupima. Mama aliiweka chupa chini, akageuka, akaenda zake. Nyumbani jioni alisema tu kwamba chai ya leo ilikuwa na tangawizi, kama tulipata nafasi ya kuionja.

Miezi ilipita hivyo. Mapanga ya pangaboi la juu tuliyafunga mwisho, tukavuta uzi wa nailoni kutoka ncha hadi ncha, na uzi ukapita katikati ya kichwa bila kwenda kushoto wala kulia. Mkamba alijilaza chini akautazama uzi ule kwa jicho moja kwa muda mrefu. Akasema hajawahi kutengeneza mlango ulionyooka vile.

Mkaguzi alikuja kutoka Nairobi, akakaa nasi siku mbili. Alikuwa mtu mpole, mwenye tochi ndogo na kioo chenye mpini kama cha daktari wa meno. Alitazama kila alipoweza kutazama. Kisha akaketi kivulini akakisoma kitabu chetu ukurasa kwa ukurasa, akihesabu saini. Alipomaliza alituambia wazi kwamba yeye anaona cha nje, na cha ndani anakiamini kwa saini zetu. Akatupatia kibali cha majaribio. Mjomba alizungushia mashine mkono kama mtu anayemkumbatia ngamia shingoni.

Siku ya kuruka ilipangwa iwe Alhamisi. Kwetu huwezi kurusha kitu angani watu wakiwa hawana habari, kwa hiyo mjomba alizunguka ofisi zote zinazohusika na kupata ruhusa zote, akamwomba imamu atangaze baada ya sala ya Ijumaa, akaenda hata redioni kueleza kwamba Alhamisi asubuhi watu wakisikia mngurumo juu ya uwanja wa vumbi nje ya mji wasiogope. Jamaa wakaanza kufika. Wengine walitoka Ijara na mbuzi wa kuchinja.

Jumatatu yake nilikuwa peke yangu godauni, nakipanga kitabu ili kiwe safi kwa siku ile. Nikafika kwenye ukurasa wa bolti kubwa inayoshikilia kichwa cha pangaboi la juu. Saini yangu ilikuwapo, na tarehe. Nikaitazama tarehe ile mara ya pili. Siku hiyo nilikuwa Ijara. Nilikuwa na hakika, kwa sababu ndiyo siku niliyobadilisha beringi ya pampu kule na kulala kwa mamangu mdogo. Nikakaa chini nikijaribu kukumbuka. Nilikuwa nimeianza kazi ya bolti ile asubuhi. Simu ikaita, pampu imekufa, nikaondoka. Niliporudi baada ya siku mbili nilitia saini kurasa kadhaa kwa mpigo mmoja na kuandika tarehe kwa kukisia. Lakini bolti yenyewe, je, niliimaliza kabla sijaondoka, au niliikaza kwa mkono tu nikitegemea kurudi? Sikukumbuka. Nilifumba macho nikaitafuta mikono yangu ikifanya kazi ile, sikuiona.

Alama ya rangi ingenijibu, lakini bolti ile ikishafunikwa haionekani, hata kwa kile kioo cha mkaguzi. Kuifikia ni kuyashusha mapanga, kukifungua kichwa, kisha kuanza upya na uzi wa nailoni. Kazi ya siku tatu, nne.

Mjomba aliporudi nilimwambia. Alisema tumeiwasha mashine chini mara sita na pangaboi limezunguka vizuri. Alisema mimi si mtu wa kuacha nati bila kukaza, ananijua, ndiyo maana naye alitia saini ya ukaguzi bila kupanda ngazi. Alisema jamaa wameshafika na mbuzi wameshafika na mji mzima umeshatangaziwa. Sauti yake ilikuwa inapanda.

"Mkaguzi ameipitisha," akasema.

"Mkaguzi ameamini saini yangu, abti. Mimi siiamini."

Alinitazama kama mtu aliyevunjiwa kitu. Alikuwa amengoja miaka mingi, na alikuwa na haki ya kukasirika. Akachukua fimbo yake, akatoka. Jioni ile hakula nyumbani. Mama aliniuliza kulikoni, nikamweleza yote, na yeye hakunipa ushauri wowote. Aliuliza tu ni bolti moja au zaidi.

Asubuhi nilifika godauni nikiwa sijui kama nina ruhusa ya kuigusa mashine ya watu. Mkamba alikuwa ameshafika; jana yake alitusikia kutoka upande wake. Ngazi ilikuwa imesimamishwa, na spana zimepangwa juu ya gunia safi kwa ukubwa wake. Akanishikia ngazi. Tukaanza.

Mjomba aliingia adhuhuri. Mapanga yalikuwa tayari chini juu ya vigoda, na mimi nilikuwa juu ya ngazi nafungua kifuniko cha mwisho. Alisimama mlangoni akishikilia fimbo kwa mikono miwili. Nikakitoa kifuniko. Bolti ilikuwa imekazwa. Kotapini ilikuwa mahali pake, ncha zimekunjwa vizuri, na mstari mwekundu ulipita juu ya bolti na nati kama ulivyochorwa, bila kukatika. Nilikuwa nimeimaliza kazi. Nilikuwa nimesahau tu.

Nilijisikia mwepesi na mjinga kwa wakati mmoja. Niliteremka, nikamwambia mjomba kwamba ilikuwa sawa, na kwamba nimemharibia Alhamisi yake bure. Nilingoja aseme nilikuambia. Alipanda ngazi mwenyewe, kwa taabu kwa sababu ya goti, akatazama kwa muda. Aliposhuka alivuta kigoda, akaomba kitabu, akaanza kukigeuza kurasa polepole, akinyevua kidole. Akakunja ncha ya ukurasa mmoja. Akaendelea. Akakunja wa pili.

"Hizi mbili ni zangu," akasema. "Nilitia saini nikiwa nazungumza kwenye simu."

Ukurasa mmoja ulihusu mikanda ya viti, na ilikuwa sawa. Wa pili ulihusu waya za chuma zinazotoka kwenye pedali za rubani kwenda kwenye usukani wa mkiani. Tulifungua sakafu ya viti kuifuata waya ya kulia. Nyuma ya kiti cha pili, mahali inapopita karibu na kipande cha bati, ilikuwa inasugua ukingoni. Haikupaswa kugusa kitu chochote. Nilipitisha kidole na kikachomwa. Nyuzi za waya zilikuwa zimeanza kukatika, moja moja, kwa zile mara sita tu tulizoiwasha mashine chini na kuiendesha uwanjani.

Mjomba alinishika mkono, akakitazama kidole changu kilichotoka tone la damu, kisha akaketi sakafuni pale pale, miguu ameinyoosha mbele, kanzu yake nyeupe kwenye oili.

Ijumaa iliyofuata alisimama msikitini baada ya sala. Mimi nilikuwa upande wa wanawake na nilimsikia. Alisema aliwaahidi watu kitu na hakikuwa, na sababu ni kwamba alifunga waya vibaya, yeye mwenyewe, na mpwa wake ndiye aliyekataa mashine isiruke. Akasema waya mpya imeagizwa. Wanawake walioketi karibu nami waligeuka kunitazama. Nikainamisha kichwa, lakini sikuinamisha kwa aibu.

Waya ilichukua wiki tatu kufika. Katika wiki hizo tulipitia kitabu chote upya, kila ukurasa, watu watatu. Mkamba alikuwa anashika tochi, na mahali palipokuwa na saini mbili tukamwomba atie na yake pembeni. Aliandika jina lake lote, herufi kubwa, akichukua muda wake.

Hakukuwa na mbuzi siku ilipofika. Jamaa walikuwa wamesharudi Ijara. Uwanjani tulikuwa sisi, maafisa wachache wa usalama, wachungaji waliokuwa wakipita, na wanawake wawili wauza maziwa waliosimama na vibuyu vyao kuangalia. Mama alikuja pia. Mjomba alizunguka mashine mara mbili akigusa kila kitu. Alipokuwa anataka kupanda, Mama alinivuta kando kwa mkono wa dera.

"Kila nati?" akaniuliza.

"Kila nati, hooyo, mama yangu."

"Wewe mwenyewe?"

Nikamwambia mimi mwenyewe, na nilichokaza mimi kimekaguliwa na wawili. Akaniachia.

Injini ilinguruma, na pangaboi la juu likaanza kugeuka, kwanza ungeweza kuyahesabu mapanga yake, kisha ukawa unaona duara tu. Mashine ilianza kwenda. Vumbi jekundu likainuka nyuma yake na tukampoteza mjomba ndani ya vumbi hilo. Nilikuwa nahesabu kimya kimya bila kujua nahesabu nini. Halafu ikatokea upande wa pili ikiwa juu, ndogo, imeinamisha pua kidogo kama tulivyoipima kwenye mnyororo, na magurudumu matatu yananing'inia. Mkamba alikuwa amevua kofia. Nilitazama mikono yangu, ambayo ilikuwa na oili kama kawaida, na nikafikiri kwamba kile kitu kule juu, hakuna kiungo chake ambacho mikono hii haikijui.

Alizunguka mara tatu akashuka. Mashine iligusa ardhi ikakimbia mwendo mfupi sana, kama wa mtu anayeruka mtaro, ikasimama. Mjomba alikaa kitini muda mrefu kabla ya kuvua helmeti. Nilipomfikia nilikuta macho yake mekundu. Alisema ni vumbi, nami sikubisha.

Mimi niliruka naye siku tatu baadaye, kiti cha nyuma. Nimevizunguka visima vya kaunti hii miaka yote hiyo na sikujua kwamba njia zote za mifugo zinaonekana kutoka juu, nyeupe, zimechorwa kwenye udongo na kwato, na zote zinakutana kwenye paa moja dogo la bati. Nilikitambua kibanda changu kimoja kwa kipande cha bati la bluu nililolipigilia mwenyewe. Mto Tana ulikuwa na rangi ya chai ya maziwa, na kando yake mashamba ya ndizi na tikiti, kisha vichaka vya miba vya mathenge, kisha nchi kavu mpaka mwisho wa macho. Mbuzi walitawanyika tulipopita. Ngamia hawakuinua hata kichwa. Kitu pekee kilichomtia mjomba wasiwasi ni wale korongo wakubwa wa jalalani, wanaopanda na hewa ya moto bila kumpisha mtu, na aliwapitia mbali.

Nilidhani hapo ndipo mwisho wa habari yetu. Lakini wiki mbili baadaye, kwenye chai ya asubuhi, Mama alimuuliza ndugu yake kama ile helmeti ndogo ya abiria inaweza kukaa juu ya mtandio. Mjomba aliweka kikombe chini. Akasema inaweza. Mama akasema basi, ampeleke Balambala akaone mahali walipozaliwa, kwa sababu kwa gari mgongo wake hauwezi tena.

Nilimfunga mkanda mimi. Alivua bangili akanipa nizishike, akasoma dua, akaniambia nirudie kuvuta mkanda, nikarudia. Waliondoka saa moja kasoro, hewa ikiwa bado imetulia. Mimi na Mkamba tulikaa chini ya kivuli cha gari langu kungoja, na nakiri kwamba saa ile niliihesabu dakika kwa dakika, bangili zikiwa mkononi.

Waliporudi Mama aliteremka kwa kushikiliwa, uso umemkauka kwa upepo. Nikamuuliza ameona nini. Alisema baridi. Alisema hakuna aliyemwambia kwamba huko juu kuna baridi. Kisha akasema ameona mbuzi wa jirani yetu wamo ndani ya shamba la tikiti la watu kando ya mto, na mchungaji wao amelala, na kwamba atakwenda kumwambia leo hii. Mjomba alinong'ona kwamba dada yake amezungumza njia nzima, kwenda na kurudi, akimwonyesha mti huu na korongo lile la maji, na kwamba walipofika juu ya Balambala ndipo aliponyamaza.

Alasiri nilikuwa jikoni nikimsikia Mama barazani akizungumza kwenye simu na mamangu mdogo wa Ijara. Alikuwa anapaza sauti kama afanyavyo mtu anayesema na aliye mbali. Alieleza habari ya baridi, na mto, na mbuzi wa jirani. Kisha akasikiliza, upande wa pili ukiuliza jambo juu ya ndege.

"Wazungu gani?" Mama akasema. "Ni huyu wangu. Yule wa visima. Yeye ndiye aliyeiunda."